Kamera Iliyovuka Ruvuma: Robert Van Lierop na Deni Letu kwa Historia ya Kusini

Kila mgomo wa wanafunzi wa vyuo vikuu vyetu una kiitikio chake, nacho hakijabadilika kwa miongo mingi. Mmoja anaita "Aluta!", umati unajibu "Continua!" Wanaharakati hufungia hotuba zao kwa maneno hayo hayo. Ukiuliza asili yake, wengi watakwambia ni maneno ya ukombozi, na baadhi wataongeza kuwa ni Kireno: mapambano yanaendelea. Wachache watayahusisha na Eduardo Mondlane na chama cha FRELIMO kilichozaliwa Dar es Salaam tarehe 25 Juni 1962. Wachache zaidi wanajua kwamba maneno hayo ni jina la filamu, kwamba filamu hiyo ilisaidia kuyafikisha Marekani, na kwamba aliyeitengeneza alikuwa mwanasheria wa New York ambaye hakuwa amesomea sinema.

Mtu huyo ni Robert Van Lierop. Katika makala haya ninapitia safari yake ya kazi kama mtayarishaji wa filamu anayejitegemea, kisha niulize swali linalotuhusu sisi zaidi ya yeye: picha alizozitafuta kupitia kusini mwa nchi yetu zina nafasi gani leo katika kumbukumbu ya watu wa kusini?

Kusini kabla ya kamera yake

Anayetoka Masasi kwenda Nachingwea hupita Lukuledi. Ni njia yenye historia nzito kuliko inavyoonekana kwa msafiri. Wamisionari Wabenediktini walifungua misheni Lukuledi mwaka 1895. Mwaka 1905 misheni hiyo iliteketezwa katika Vita vya Maji Maji. Oktoba 1917 majeshi ya Wajerumani na Waingereza yalipigana hapo hapo, na waliobeba mizigo ya pande zote mbili walikuwa Waafrika. Mwaka 1947 Waingereza walianzisha mradi wa karanga, na Nachingwea ikawa mojawapo ya vituo vyake pamoja na Kongwa na Urambo. Mradi ulikufa mwaka 1951. Zikabaki barabara, nyumba na mashamba yaliyofyekwa, na ndani ya mabaki hayo ya ndoto ya kikoloni serikali yetu iliyokuwa changa ikawapa FRELIMO kambi ya mafunzo ya kijeshi. Kutoka Nachingwea wapiganaji walielekea Ruvuma, na ng'ambo ya Ruvuma walikuta uwanda wa Mueda, ambao watu wake ni ndugu wa damu na lugha wa Wamakonde wa Newala.

Kwa hiyo mkoloni alichora mpaka katikati ya ukoo. Mauaji ya Mueda ya tarehe 16 Juni 1960 yalipotokea, msiba ulikuwa wa pande zote mbili za mto. Vita vilipoanza tarehe 25 Septemba 1964, wakimbizi walimiminika upande wetu, na kambi ya Rutamba, mkoani Lindi, ikawa makazi ya maelfu. Vijiji vya kando ya Ruvuma vilionja mabomu ya Wareno, yaliyodondoshwa na yaliyotegwa ardhini. Kusini ililipa gharama ya ukombozi kwa njia ambayo Dar es Salaam haikuilipa.

Wakati huo sinema ilikuwa mikononi mwa nani? Mwaka 1935 hadi 1937 kulikuwa na jaribio la filamu za elimu lililoendeshwa kutoka Vugiri, Tanga, na Waingereza wawili, L. A. Notcutt na G. C. Latham, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Walitengeneza filamu 35 na kuzizungusha Afrika Mashariki na Kati. Notcutt mwenyewe aliwahi kuwa meneja wa mashamba ya mkonge, na aliiona sinema kama njia ya kuwafanya vibarua watulie. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 kampuni kutoka Afrika Kusini ilitengeneza hapa filamu za Kiswahili, mojawapo ikiwa Muhogo Mchungu, ambamo kijana Rashidi Kawawa, baadaye Waziri Mkuu, alikuwa mwigizaji. Baada ya uhuru serikali ikawa na kitengo chake cha filamu, na mwaka 1968 ikaundwa Kampuni ya Filamu Tanzania.

Tuna, basi, wenye kamera wa aina tatu: mkoloni, kampuni na dola. Kila mmoja alikuwa na sababu yake ya kumpiga picha mwananchi, na katika yote mwananchi ndiye aliyefundishwa, aliyeuziwa au aliyehamasishwa. Mtayarishaji anayejitegemea ni mtu wa nne. Hana studio nyuma yake, hana bajeti ya wizara, na hana hakika kama kazi yake itaonyeshwa popote. Uhuru wake ni mzigo kabla haujawa fahari.

Mwanasheria anayeshika kamera

Van Lierop alizaliwa New York mwaka 1939. Alisomea sheria katika Chuo Kikuu cha New York, kisha akaajiriwa katika idara ya sheria ya NAACP, chama kikongwe cha kutetea haki za Wamarekani weusi. Mwaka 1968 chama hicho kilimfukuza mmoja wa wanasheria wake, Lewis Steel, kwa sababu ya makala aliyoandika kuikosoa Mahakama ya Juu ya Marekani. Mkuu wa idara, Robert Carter, na wanasheria wenzake walijiuzulu kupinga uamuzi huo, na Van Lierop alikuwa miongoni mwao. Ninalitaja tukio hili kwa sababu linaeleza tabia. Mtu anayeweza kuacha mshahara kwa ajili ya haki ya mwenzake kusema ndiye anayeweza baadaye kutengeneza filamu bila mwajiri.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 alifika Tanzania. Dar es Salaam ya wakati huo ilikuwa makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika, na ofisi za vyama vya ukombozi zilikuwa umbali wa kutembea kwa miguu kutoka moja hadi nyingine. Hapo alifahamiana na Mondlane. Tarehe 3 Februari 1969 Mondlane aliuawa Dar es Salaam kwa bomu lililofichwa ndani ya kitabu. Vita havikusimama, ila uwanja wa habari uliachwa kwa adui. Mwaka 1970 Jenerali Kaúlza de Arriaga aliongoza operesheni kubwa ya Wareno dhidi ya ngome za FRELIMO, hasa katika uwanda wa Wamakonde, akiwa na askari wapatao 35,000. Lisbon ikautangazia ulimwengu kwamba wapiganaji wamevunjwa. Nani angesema vinginevyo? Magazeti makubwa ya Marekani hayakuwa na mwandishi msituni, na serikali ya Marekani ilikuwa mshirika wa Ureno katika NATO.

Hapa ndipo filamu ilipopata kazi yake. Taarifa ya maandishi kutoka ofisi ya FRELIMO ingeweza kupuuzwa kuwa propaganda. Picha inayoonyesha shule, zahanati na shamba ndani ya eneo ambalo Wareno walidai kulitawala ilikuwa ushahidi wa aina nyingine. Van Lierop alifikiri kama mwanasheria: alikwenda kutafuta vielelezo.

Mwaka 1971 aliingia Msumbiji kutokea Tanzania, akiongozwa na wapiganaji wa FRELIMO. Pamoja naye alikuwa Robert Fletcher, mpigapicha aliyepevuka katika harakati za haki za kiraia kusini mwa Marekani, na Owusu Sadaukai, mwanaharakati aliyejulikana pia kwa jina la Howard Fuller. Tuielewe kazi hiyo ilivyokuwa. Mkanda wa milimita 16 wenye urefu wa futi 100 unakwisha kwa muda usiofika dakika tatu, na ule wa futi 400 unakwisha kwa dakika 11. Kila dakika ya picha ni uzito juu ya kichwa cha mtu anayetembea kwa miguu, kwenye njia inayoweza kupigwa na ndege wakati wowote. Joto na unyevu huharibu mkanda. Na aliyepiga picha hawezi kuiona hadi mkanda usafishwe katika maabara iliyo bara jingine. Mtayarishaji aliyezoea simu ya leo, ambayo hurekodi na kufuta papo hapo, afikirie nidhamu iliyohitajika. Mtu hawashi kamera ovyo pale ambapo kila mkanda umebebwa na mgongo wa mwenzake.

Filamu na njia zake

Filamu iliyotokana na safari hiyo, A Luta Continua, ilitoka mwaka 1972 na haikufika dakika 40. Inaeleza ukoloni wa Kireno na wanaoufadhili, kisha inaonyesha maisha katika maeneo yaliyokombolewa: watoto darasani chini ya miti, matibabu, kilimo, wanawake wenye silaha na wanawake wenye mizigo. Uamuzi wake mkubwa ulikuwa kutoipa bunduki nafasi yote. Ilisema kwamba watu hawa hawangoji uhuru ndipo waanze kujenga. Wanajenga ndiyo maana wanapigana.

Kutengeneza filamu ni nusu ya kazi ya mtayarishaji anayejitegemea. Nusu ya pili, ambayo wengi huishindwa, ni kuifikisha. A Luta Continua haikutegemea majumba ya sinema. Ilisambazwa kwa mikanda ya milimita 16 kwenye makanisa, kumbi za vyuo, vyama vya wafanyakazi na vikundi vya mitaani, na baada ya kuonyeshwa watu walikaa na kujadiliana. Van Lierop aliunda shirika dogo la habari kuhusu Afrika, ambalo Oktoba 1972 liliandaa mkutano wa Amílcar Cabral na Wamarekani weusi mjini New York. Cabral aliuawa Conakry tarehe 20 Januari 1973, na mwaka huo huo shirika hilo likakusanya hotuba zake katika kitabu ambacho bado kinasomwa vyuoni. Sadaukai naye aliporudi kwao alikuwa miongoni mwa waongozaji wa maandamano ya Siku ya Ukombozi wa Afrika ya tarehe 27 Mei 1972, yaliyokusanya makumi ya maelfu ya watu. Ujumbe aliorudi nao ulikuwa mfupi: FRELIMO hawakuhitaji Wamarekani waje kupigana Msumbiji, walihitaji Wamarekani waibane serikali yao.

Mwanafunzi wa historia lazima pia aulize filamu haikuweza kubeba nini. Miaka ya 1968 na 1969 FRELIMO ilitikiswa na mgogoro mkali. Lázaro Nkavandame, kiongozi wake katika mkoa wa Cabo Delgado na mtu mwenye ushawishi mkubwa kwa Wamakonde, aligombana na uongozi kuhusu biashara, madaraka na mwelekeo wa vita, kisha mwaka 1969 akaenda upande wa Wareno. Mgogoro huo uligawa familia, nyingine zikiwa zimeketi Newala na Mtwara. Filamu fupi iliyotengenezwa kwa ridhaa na chini ya ulinzi wa chama, katikati ya vita, haikuwa mahali pa kuupima. Kujitegemea kwa Van Lierop kulikuwa kujitegemea dhidi ya studio na serikali ya kwao, si dhidi ya marafiki aliokuwa nao njiani. Silisemi hili kumpunguzia heshima. Kila ushahidi una upande uliosimama mpigapicha, na kazi yetu ni kuujua upande huo kabla ya kuutumia ushahidi.

Kutoka Maputo hadi visiwa vya Pasifiki

Msumbiji ilipata uhuru tarehe 25 Juni 1975. Van Lierop alirudi na kamera, na matunda yake ni filamu ya pili, O Povo Organizado, ya mwaka 1976, inayohusu umma unaojipanga kuijenga nchi baada ya ushindi. Kisha akafanya jambo ambalo watayarishaji wengi hawalifanyi: akaondoka kwenye sinema. Alirudi katika sheria na diplomasia. Kuanzia mwaka 1981 hadi 1994 alikuwa balozi wa Vanuatu katika Umoja wa Mataifa, nchi ya visiwa iliyopata uhuru mwaka 1980 na isiyokuwa na uwezo wa kujaza ofisi za kibalozi kwa watu wake. Mwaka 1991 akawa mwenyekiti wa kwanza wa umoja wa nchi ndogo za visiwa, AOSIS, wakati ulimwengu ukiandaa mkataba wa mabadiliko ya tabianchi. Mwaka huo Vanuatu, kwa niaba ya visiwa hivyo, ilipendekeza mfuko wa bima wa kimataifa ili nchi zilizochafua hewa zigharimie hasara za nchi zitakazozama. Pendekezo halikupita. Ilichukua hadi mwaka 2022, kwenye mkutano wa Sharm el-Sheikh, kwa mataifa kukubali kuanzisha mfuko wa hasara na uharibifu.

Ukitazama juujuu utadhani hizi ni kazi mbili zisizohusiana. Mimi naona moja. Msituni alibeba kamera ili watu ambao Lisbon iliwasemea wajitokeze wenyewe. New York alibeba hoja ili visiwa ambavyo mataifa makubwa yalivisemea vizungumze vyenyewe. Wenzetu wanaofikiri kwamba filamu ni fani ya umaarufu na zulia jekundu wangefaidika kuitafakari safari hii. Kwa Van Lierop filamu ilikuwa chombo kilichohitajika wakati fulani kwa kazi fulani, na kazi ilipohitaji chombo kingine, alikichukua.

Mikono iliyobaki

Historia hii ina mwendelezo ambao hauna shangwe. Baada ya uhuru Msumbiji iliingia katika vita vingine, safari hii dhidi ya RENAMO, na wakimbizi wakaanza tena kuvuka mto kuja kwetu. Mwaka 1992, mwaka ule ule ambao mkataba wa amani ulitiwa saini Roma tarehe 4 Oktoba, mtayarishaji na mwongozaji wetu wa Kitanzania, Flora M'mbugu-Schelling, alitoa filamu ya dakika 45 inayojulikana kimataifa kwa jina la These Hands. Inawaonyesha wanawake wakimbizi kutoka Msumbiji wakiponda mawe kwa nyundo katika machimbo ya Kunduchi, Dar es Salaam, watoto wakiwa kando yao. Haina msimulizi. Kinachosikika ni nyundo, mazungumzo na nyimbo, kwa Kimakonde na Kiswahili.

Ziweke filamu hizi mbili kando kwa kando. Ya 1972 inaeleza kila kitu na inaahidi. Ya 1992 haielezi na haiahidi. Katika ya kwanza mwanamke anabeba mzigo kuelekea uhuru. Katika ya pili mwanamke anaponda kokoto za kujengea nyumba za watu wengine katika jiji ambalo wakombozi walikuwa na ofisi zao. Moja bila nyingine ni nusu ya ukweli. Na yote mawili yametengenezwa na watu waliojitegemea, kwa sababu picha ya namna hii haikuwa na mteja wa kuiagiza.

Waswahili husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Wageni walikuja kusini na kamera zao. Zaidi ya Van Lierop kulikuwa na Mwingereza Margaret Dickinson, aliyetengeneza Behind the Lines mwaka 1971, na Dragutin Popović wa Yugoslavia, aliyetengeneza Venceremos mwaka 1967. Mwenyeji amepona? Mwanafunzi wa Newala anaweza kumaliza kidato cha sita akiwa amekariri tarehe za FRELIMO bila kuona sekunde moja ya picha za majirani wa babu yake. Anayetaka kuziona atazitafuta katika maktaba na hifadhi za Ulaya na Marekani. Nchini Msumbiji penyewe, taasisi ya taifa ya filamu iliungua mwaka 1991 na sehemu kubwa ya kazi yake ikasimama. Mali bila daftari huisha bila habari, na filamu ni mali inayoungua, inayooza na inayosahaulika kuliko nyingi.

Kwa watumishi wa umma nina neno mahususi. Tanzania inaratibu Programu ya Urithi wa Ukombozi wa Bara la Afrika, na urithi huo mara nyingi huonekana kwa majengo, makaburi na kambi. Uwe pia orodha ya filamu zote zilizopigwa kupitia kusini, nakala zake zenye haki ya kuonyeshwa, na mpango wa kuzifikisha katika shule na kumbi za halmashauri za Masasi, Newala, Nachingwea na Tandahimba. Hili halihitaji mnara. Linahitaji barua rasmi, makubaliano ya hakimiliki na mtu mwenye dhamana ya kufuatilia.

Kwa wanafunzi na wanaharakati, kazi ni ya haraka zaidi. Kijana aliyekuwa na umri wa miaka 20 vita vilipoanza sasa amepita miaka 80. Wapo waliobeba mizigo hadi mtoni, waliohifadhi wageni usiku, waliouguza majeruhi, na hakuna kamera iliyowageukia kwa sababu walikuwa upande huu wa mto. Mfukoni mwenu mna kifaa chenye uwezo ambao Fletcher hakuwa nao, kisichohitaji maabara wala mpagazi. Nendeni na maswali yaliyoandaliwa, ombeni ridhaa, andikeni jina, mahali na tarehe, na nakala moja ibaki kwa mzee na familia yake.

Van Lierop alikuwa na mikanda michache na njia ndefu, na aliyoipiga bado ni ushahidi. Sisi tuna saa zisizohesabika za kurekodi, na mashahidi wanaopungua kila mwaka.